Yudith Aliona, Akanyamaza

Kila asubuhi, ukungu ukiwa bado umekalia vilima vilivyo juu ya jiji la Mbeya, Sedekia alikuwa tayari yuko bandani. Alivaa koti zito na kofia ya sufu. Alikaa kwenye kigoda, akamkamua Tausi, ng'ombe wake wa maziwa. Mke wake, Yudith, alipokea ndoo, akayachuja maziwa kwa kitambaa cheupe, akayamimina kwenye keni. Kisha Sedekia aliifunga keni kwenye baiskeli, akashuka nayo hadi kituo cha kukusanyia maziwa.

Sedekia alikuwa mchapakazi, hilo hakuna aliyebisha. Pombe hakunywa, kanisani hakukosa. Binti yao Bupe, aliyekuwa akisoma sekondari ya bweni, hakupungukiwa daftari hata siku moja. Ila Sedekia alikuwa na hasira za karibu. Tena hasira zake hazikupenda kukaa bure, zilitafuta mtu wa kumwangukia. Chai ikimuunguza ulimi, mwenye kosa ni aliyeichemsha. Siku mpini wa jembe ulipovunjika alimlaumu fundi, akamlaumu muuza duka, akalilaumu na jiwe. Aliyekuwa ameshika jembe hakutajwa.

Jumatatu moja, pale kituoni, Tekla aliyapima maziwa ya Sedekia. Tekla ndiye mpokeaji wa maziwa. Alichanganya maziwa kidogo na spiriti. Maziwa yakakatika.

"Pole, kaka Sedekia," alisema. "Leo siwezi kuyapokea."

"Kwa nini? Nimekamua sasa hivi!"

"Najua. Hayajachacha. Lakini yamekatika kwenye kipimo. Mwangalie ng'ombe kiwele."

"Ng'ombe wangu hana shida! Kipimo chenu ndicho kibovu!"

Watu kwenye foleni waligeuka kumtazama. Masikio yake yalipata moto. Alipandisha kilima akisukuma baiskeli, na kila hatua hasira iliongezeka. Alipofika nyumbani alikuwa ameshampata mkosaji.

"Mama Bupe! Hii keni uliiosha na nini?"

"Na maji ya moto, Baba Bupe. Kama siku zote."

"Uongo! Uvivu wako umeniaibisha mbele za watu!"

Aliipiga teke ndoo. Ndoo iliruka, ikagonga mlango wa jikoni. Yudith akajikunja, mikono kichwani. Sedekia hakuwahi kumpiga mke wake. Hata hivyo aliona jinsi alivyojikunja, akaona aibu. Badala ya kusema pole, alinuna, akaondoka.

Jumanne maziwa yalikataliwa tena. Jumatano vilevile. Alhamisi Tausi mwenyewe alikataa kukamuliwa. Titi moja la nyuma lilikuwa limevimba, na lilikuwa la moto. Hapo ndipo Sedekia alipomwita bwana mifugo.

Bwana mifugo alikuja na pikipiki. Aliitwa Kalinga, mtu wa Iringa, kwao Ipogolo, mnene na mcheshi. Alilibinya titi lile. Maziwa yalitoka mazito, yana mabonge.

"Huu ni ugonjwa wa kiwele," alisema. Ucheshi ulikuwa umemtoka. "Umefika mbali. Nitamtibu, lakini titi hili sina hakika nalo. Mngeniita wiki iliyopita, lingepona upesi. Kile kikombe cheusi tulichowapa kwenye semina kiko wapi? Si tuliwaambia mkamulie humo maziwa ya kwanza, ili mabonge yaonekane?"

Sedekia alitazama chini. Kikombe kilikuwa kwenye gunia la pumba. Alikiona kizuri, akakigeuza cha kupimia chakula cha kuku.

"Na anayechuja maziwa ni nani?" Kalinga aliuliza. "Mabonge haya lazima yabaki kwenye kitambaa."

Sedekia alipona hapohapo. Mkosaji mwingine amepatikana!

"Mama Bupe! Uliona mabonge, ukanyamaza?"

Yudith alikuwa amesimama mlangoni, anafuta mikono kwenye kitenge.

"Niliona," alisema. "Tangu Ijumaa ya wiki iliyopita. Nikakisuuza kitambaa haraka ili usikione."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu humu ndani, anayeleta habari mbaya ndiye anakuwa mwenye kosa. Niliogopa."

Aliingia jikoni, akafunga mlango. Maneno yale yalimuuma Sedekia, maana yalikuwa ya kweli.

Kalinga alimchoma Tausi sindano, akanawa mikono, akaketi.

"Baba Bupe," alisema, "sisi Wahehe tunataniwa kwa hasira. Lakini wewe Mnyakyusa umetuacha mbali."

Sedekia alitabasamu kwa shida.

"Mimi nilikuwa hivyohivyo. Nilimfokea mwanangu mpaka akaacha kunionyesha ripoti ya shule. Nikadhani anafaulu! Baadaye presha ikanilaza hospitali. Nesi mmoja alinifundisha mengi."

"Kwani kukasirika ni dhambi?"

"Hapana, kila mtu hukasirika. Hasira ni moshi wa jikoni. Inakuambia kuna kitu kinaungua. Ukimpiga mpishi, chungu si kinaendelea kuungua?"

"Lakini yangu inakuja ghafla."

"Haiji ghafla. Mwili unakuonya kwanza. Wewe unaanzia wapi?"

Sedekia alifikiri. "Masikioni. Yanapata moto."

"Basi, yakipata moto, funga mdomo. Vuta pumzi, itoe polepole, mara kadhaa. Ukiona bado inapanda, mwambie mwenzako, 'Nimekasirika, nipe dakika kumi.' Toka nje, kunywa maji. Halafu urudi kweli, maana kuondoka na kununa siku tatu nako kunaumiza. Ukirudi, usianze na 'Nani kafanya?' Uliza, 'Nini kimetokea? Sasa tufanyeje?' Na ujiulize mwenyewe, 'Sehemu yangu ni ipi?'"

"Na kama kosa ni la mtu mwingine kweli?"

"Mwambie alichofanya. Usimwite mvivu wala mwongo. Na siku ya kuomba radhi, usiweke 'lakini' ndani yake."

"Ndaga, bwana mifugo," Sedekia alishukuru kwa Kinyakyusa.

Alimkuta Yudith anamenya viazi.

"Mama Bupe, nisamehe. Kikombe nilikigeuza cha pumba. Nilikuita mwongo, nikapiga ndoo, nikakutisha. Hukuwa na kosa." Neno 'lakini' lilimfika kwenye ulimi. Akalimeza.

Yudith hakuinua macho. "Kusamehe nitasamehe," alisema. "Kuacha kuogopa, hiyo itachukua muda."

Maziwa ya siku za dawa hawakuyauza wala kuyanywa, kama Kalinga alivyoagiza. Tausi alipona, ila lile titi lilikufa, halikutoa maziwa tena. Sedekia alikitoa kikombe kwenye pumba, akakiosha vizuri. Alishuka kituoni kumwomba Tekla radhi. Kuacha kufoka hakukuwa rahisi. Kuna siku alijisahau, akapayuka, kisha akarudi mwenyewe kusema samahani. Kuna siku alizunguka banda mara tano ndipo akaweza kuongea.

Miezi miwili ilipita. Asubuhi moja ya masika, Sedekia alikuwa anaziba pancha ya baiskeli. Alimwona Yudith anakuja mbio, kandambili mkononi.

"Baba Bupe! Tausi kavimba tumbo! Mimi ndiye sikufunga lango la banda. Kaingia kwenye njegere za jirani Samwel zenye umande, kala sana!"

Masikio ya Sedekia yakawaka. Njegere za jirani! Lango! Maneno yalimjaa kooni. Alifunga mdomo, akatoa pumzi ndefu. Akatoa nyingine. Dakika kumi hazikuwepo.

"Umefanya vizuri kuja," alisema. "Mpigie Kalinga. Mimi namtoa shambani."

Walimsimamisha Tausi kwenye mteremko, miguu ya mbele ikiwa juu, kama Kalinga alivyowaelekeza kwa simu. Tumbo upande wa kushoto lilikuwa limekaza kama ngoma. Kalinga alifika, akapitisha mpira kooni, na gesi ikatoka. Saa sita mchana Tausi alikuwa anacheua.

"Mngechelewa nusu saa," Kalinga alisema akiwasha pikipiki, "saa hizi mngekuwa mnagawana nyama."

Alasiri waliongozana kwenda kwa Samwel kuomba radhi kwa njegere zake. Njiani Yudith alianza kucheka peke yake.

"Unacheka nini?" Sedekia aliuliza.

"Nilipoona lango liko wazi, nilisimama nikajiuliza, nifiche au nimwambie?"

"Ukaamuaje?"

"Sikuamua," Yudith alisema. "Nilishtukia tu nakimbia kuja kwako."