Wimbo Wenye Ndevu

Kila alasiri Mwero aliporudi kutoka shuleni, kazi zake zilijulikana. Alivua sare, akawafunga mbuzi penye majani, akateka maji, kisha akafunga mlango wa ua. Kazi hiyo ya mwisho hakutumwa na mtu. Aliifanya haraka kuliko zote, tena kwa kuchungulia barabarani huku na huku, kwa sababu huo ndio wakati baba yake alipojifunga leso.

Ndiyo, leso! Baba yake, Harrison, alikuwa mchimba visima, na hapa Mkongani nani asiyemjua? Alikuwa na mabega mapana, ndevu nyingi nyeusi, na sauti ambayo akiita kutoka chini ya kisima, walio juu hushtuka. Asubuhi alishuka ardhini na tindo na nyundo, huku mtoto mdogo, Umazi, akibaki na bibi yake. Alasiri alioga, akachukua leso ya mkewe kwenye kamba, akamfunga Umazi kifuani na kuzunguka naye uani akimbembeleza. Kache, mama yao, alikuwa mtandika vitanda katika hoteli moja kule Diani. Tangu Umazi aachishwe ziwa, mama alirudi nyumbani siku yake ya mapumziko tu. Basi baba aliimba hivi:

*Lala Umazi, lala mwanangu,*
*Mama yuko Diani, atandika vya wageni,*
*Kitanda chako ni kifua changu,*
*Lala, usinivute ndevu.*

Mwero aliupenda wimbo ule, msidhani hakuupenda. Aliujua wote, na mara nyingine aliuimba peke yake kisimani. Shida ilikuwa Mramba. Mramba alisoma naye darasa moja na nyumba yao ilikuwa ng'ambo ya barabara. Siku moja alimwona mwanamume akifua nguo za mtoto, akaja kuigiza darasani, akikunja kiuno na kusugua hewa, mpaka watoto wakashika mbavu. Sasa hebu fikiria Mramba amwone Harrison mchimba visima katika leso ya maua mekundu! Mwero akiwaza hivyo alikwenda kuhakikisha tena kwamba mlango wa ua umefungwa.

Basi juma hilo Mwalimu Concepta, mwalimu wao wa Kiswahili, aliingia darasani na kitabu mkononi. Alikuwa mtu wa Busia, lakini alikaa pwani siku nyingi hata watoto walisahau kwamba ni mgeni.

"Leo tunasoma bembelezi," alisema. "Kitabu kinasema ni nyimbo zinazoimbwa na mama, nyanya au yaya ili mtoto alale. Kesho kila mmoja aje na wimbo wa kwao. Mtatuambia nani anauimba, na wimbo wenyewe unatueleza nini kuhusu watu wake. Utakaopendeza zaidi tutausikia Ijumaa, Siku ya Wazazi, na mwenyewe ataalikwa auimbe."

Mama, nyanya au yaya. Mwero alirudia maneno hayo njia nzima. Wimbo alikuwa nao, tena mzuri, lakini mwimbaji hakuwemo kitabuni. Alipofika nyumbani alikuwa amekata shauri: atasema ni wa bibi. Kuhusu ndevu hakuwa na wasiwasi, kwani angeimba "usinivute leso" na mambo yangekwisha.

Kesho yake alisimama mbele ya darasa. "Wimbo huu huimbwa na bibi yangu," alisema, akaanza. Alianza vizuri. Lakini wimbo uliosikiwa kila siku una njia yake mdomoni, na Mwero alipofika mwisho ulimi ulimponyoka: "Lala, usinivute ndevu."

Mkono wa Twaiba ukapanda juu. Twaiba alikuwa msichana asiyepitwa na neno.

"Samahani, Mwalimu. Bibi yake Mwero ana ndevu?"

Lo! Watoto walicheka hadi madawati yakatikisika. Mwalimu Concepta naye aliuma midomo.

"Twaiba ameuliza swali la mhakiki," alisema walipotulia. "Ukisikia wimbo, jiulize ni nani anayesema ndani yake. Mwero, ni nani huyu anayevutwa ndevu?"

Hapo mlango wa ukweli ulikuwa wazi kabisa. Mwero alimtazama Mramba. "Ni bibi, Mwalimu. Bibi ni mtu wa mzaha."

"Basi nampenda kabla sijamwona! Wimbo huu ndio tuliouchagua. Mwambie bibi tunamngojea Ijumaa."

Mwero alirudi nyumbani miguu ikiwa mizito. Alimkuta Bibi Mbodze jikoni akipepeta mchele.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Mbona uso umeshuka hivyo, umefukuzwa shule?"

Mwero alimweleza yote, kisha akamsihi. "Bibi, ni siku moja tu. Nitakufundisha maneno."

Bibi aliweka ungo chini. "Mimi niimbe? Mara ya mwisho nilipoimba, marehemu babu yako alihamia kibandani kwa mbuzi! Tena nisimame mbele ya watu wazima nijisingizie ndevu? Wewe mtoto una wazimu." Halafu sauti yake ikabadilika. "Wimbo huo una mwenyewe, Mwero. Kwa nini hukumtaja?"

"Watanicheka, bibi. Watasema baba si mwanamume kamili, anafanya kazi za wanawake."

Ndipo aliposikia pumzi nyuma yake. Baba alikuwa amesimama mlangoni, Umazi kifuani, leso imefungwa begani.

Hakumkaripia. Afadhali angemkaripia. "Kwa hiyo ule mlango wa ua unaufunga kwa ajili yangu," alisema polepole. "Nami nilidhani unawazuia mbuzi."

Baba alimfungua Umazi, akamweka kwenye mapaja ya bibi, akaikunja leso vizuri na kuirudisha kwenye kamba. Alasiri ile hakuimba. Umazi alilia, akanyoosha mikono kwa baba yake, akalia tena. Bibi alijaribu kumbembeleza kwa sauti yake ya kukwaruza na kilio kikazidi. Baba alikaa uani akinoa tindo iliyokwisha kunolewa. Mwero alikuwa hajawahi kumwona mnyonge, na kilichomuuma zaidi ni kwamba aliyemnyong'onyeza ni yeye.

Asubuhi aliwahi kufika shuleni. Kengele ilipolia na Mwalimu Concepta kuingia, Mwero alisimama kabla hajaulizwa.

"Mwalimu, jana nilisema uongo. Wimbo si wa bibi. Ni wa baba yangu. Mama akiwa kazini, baba hujifunga leso akambeba mdogo wangu, na ndevu zinazovutwa ni zake."

"Harrison mchimba visima?" Mramba alipaaza sauti. "Mwanamume mzima anafunga leso?"

Baadhi walianza kucheka. Twaiba akamgeukia Mwero. "Kwani mtoto alianguka?"

"Hakuanguka," Mwero alijibu.

"Alilala?"

"Hulala kila siku."

"Basi leso ina kosa gani?"

Mwalimu Concepta alichukua kitabu, akausoma tena ule ukurasa kwa sauti: mama, nyanya au yaya.

"Nani amekosekana hapa?" aliuliza.

"Baba," darasa likaitikia.

"Kaka pia," sauti moja ikasema, chini kidogo. Alikuwa Mramba, na alikuwa akitazama dawati lake. "Mimi humwimbia mdogo wangu mama akienda sokoni. Lakini kidogo tu."

Hakuna aliyecheka. Mwalimu aliandika ubaoni: *Bembelezi huimbwa na yeyote anayemlea mtoto.* Kisha akasema, "Kitabu ni kizuri, lakini kimeandikwa na watu, na watu husahau wenzao. Ukisoma, tazama aliyetajwa na pia aliyeachwa. Mwero, tutamwalika baba yako. Ila kumwomba ni kazi yako."

Kazi ile ilikuwa nzito. Saa ya mapumziko ya mchana Mwero alimkuta baba kazini, akamngoja atoke kisimani, akampa maji.

"Nisamehe, baba. Nimewaambia ukweli wote. Wanaomba uje uimbe."

Baba alikunywa, akafuta ndevu. "Na wewe wanitaka?"

"Mimi ndiye ninayekutaka zaidi. Uje na leso."

Ijumaa wazazi walijaa uwanjani. Kache aliomba ruhusa kazini, akaketi karibu na Bibi Mbodze. Harrison alisimama mbele, Umazi kifuani katika leso, na mtu huyo asiyeogopa kushuka gizani kisimani sasa aliogopa watu. Alikohoa. Akakohoa tena. Umazi aliona macho yale yote, akaanza kulia. Baba yake papo hapo akasahau wazazi, akasahau uwanja, akamwimbia mtoto wake kama alivyozoea.

Alipofika kwenye ndevu, Umazi akazishika na kuzivuta kwa mikono miwili. Uwanja mzima uliangua kicheko, na Mramba alipiga makofi kuliko wote. Baba alirudia wimbo tangu mwanzo, taratibu, hadi kichwa cha Umazi kikalala kifuani.

Kache peke yake hakucheka. Machozi yalimtiririka. Akiwa nyumbani hubembeleza mwenyewe, kwa hiyo wimbo ule alikuwa hajapata kuusikia.

"Kumbe mimi hutajwa," alimnong'oneza bibi. "Kila siku nikiwa kule nadhani mtoto atanisahau. Kumbe analazwa kwa jina langu."

Bibi Mbodze alimvuta Mwero karibu naye. "Umesikia maneno ya mamako? Kidogo tu ungemnyima. Uliona haya kwa jambo ambalo ungelipigia ngoma. Babako ni mwanamume akiwa kisimani, na ni mwanamume akiwa na leso, maana kote huko anawatunza watu wake. Tuone haya kwa kusema uongo, si kwa kupenda."

"Nimesikia, bibi."

Alasiri ile Mwero aliwafunga mbuzi, akateka maji, akauacha mlango wa ua wazi. Kisha akachukua leso kwenye kamba.

"Baba, leo nifunge mimi."

Baba alimfunga Umazi kifuani kwa kaka yake, akakaza fundo begani. Mwero alizunguka uani akiimba, na watu waliopita barabarani wakamsalimu. Mramba alipita pia, mdogo wake mgongoni. Umazi aliinua mikono, akapapasa kidevu cha kaka yake huku na huku, asipate cha kuvuta.

"Ngoja, Umazi," baba alisema akicheka. "Zitaota."