Mfereji wa Kharphug na Barua kwa Mfalme

Chimi Yuden alipakua ugali wa mahindi, akaweka kando bakuli la pilipili zilizopikwa na jibini. Mama mkwe wake, Bibi Leki, aliitazama sahani, kisha akamtazama mkwewe.

"Mahindi tena?"

"Mahindi tena, Mama."

"Mimi nimezaliwa nikila wali mwekundu. Nitakufa nikitafuna mahindi kama kuku?"

"Mpunga unataka maji, Mama. Na maji unajua yalikokwama."

Kila mtu katika kijiji cha Kharphug, mashariki ya Bhutan, alijua. Mwaka uliopita, mlima uliporomoka wakati wa mvua. Udongo na mawe vilizoa kipande cha mfereji ulioleta maji mashambani. Wanaume walijaribu kuunganisha kwa magogo yaliyotobolewa. Magogo yakavuja, kisha yakaanguka. Msimu wa kupandikiza mpunga ulifika, mashamba yakabaki makavu na kupasuka kama kisigino cha mchungaji.

Jamtsho, mume wa Chimi, aliingia akihema. Alikuwa ametoka dukani barabarani.

"Mfalme anapita!" alisema hata kabla ya kuketi. "Keshokutwa, kwenye barabara kuu. Nitampelekea barua. Mfereji wetu utajengwa!"

Bibi Leki aligeukia madhabahu ya nyumbani, akainamisha kichwa. Katikati ya vikombe vya maji na taa ya siagi palikuwa na kitabu kilichofungwa kwa hariri. Kilikuwa Rasimu ya Katiba. Serikali iliigawa nchi nzima ili watu waisome. Bibi Leki alisema kitu kilichotoka kwa Mfalme hakishikwishikwi hovyo. Basi kilikaa pale mwaka wa pili, kikifukizwa ubani.

"Nani ataandika barua?" Jamtsho aliuliza.

Wote wawili walimtazama Chimi. Ni yeye aliyekuwa akienda darasa la watu wazima kila jioni kwa Mwalimu Namgay. Alikuwa na miezi minane tu ya kusoma. Alichukua kalamu. Aliandika mistari saba, na mistari saba ilimchukua hadi chakula cha mchana cha siku ya pili. Ilikuwa barua yake ya kwanza maishani.

Jamtsho aliondoka amevaa vazi lake la sikukuu. Alirudi anang'aa.

"Sikumfikia mwenyewe. Lakini ofisa wake aliipokea kwa mikono miwili! Mikono miwili, Chimi! Akaandika na jina la kijiji."

Tangu siku hiyo Jamtsho hakuugusa tena mfereji. Majirani walipomwita wakaondoe mawe, alisema, "Ya nini kujichosha? Jambo letu liko kwa Mfalme." Na wao wakaona ana haki, wakaweka majembe chini.

Wiki tano zilipita. Jibu likaja kwa mkono wa tarishi. Chimi alilisoma mbele ya familia, neno kwa neno, kidole kikifuata mstari.

Barua ilikuwa ya heshima sana. Ilisema ombi limepokelewa, na shida ya Kharphug imesikika kwa huruma. Ila ujenzi wa mifereji ni kazi ya serikali. Barua imepelekwa ofisi ya wilaya. Wanakijiji wanashauriwa walifikishe jambo hilo kwenye baraza la kata yao, kabla mpango mpya wa miaka mitano haujafungwa.

Jamtsho aliichukua barua, akaigeuza mbele na nyuma. Masikio yake yalikuwa mekundu.

"Umekosea kuandika," Bibi Leki alimwambia Chimi. "Ndiyo maana. Mfalme hawezi kutukatalia."

Chimi aliona uchungu, lakini hakuwa na uhakika. Huenda kweli alikosea. Jioni ile aliikunja barua, akaenda nayo darasani. Jamtsho alimfuata, ingawa alikuwa ameapa kwamba darasa ni la wanawake.

Mwalimu Namgay alikuwa mwanamke mfupi mwenye sauti kubwa. Aliisoma barua mara mbili.

"Nani amekwambia umekosea? Kama ungekosea, wangejuaje tatizo ni mfereji? Hii si barua ya kukataa. Hii ni barua ya kuelekeza njia. Nyumbani mna Katiba?"

"Iko madhabahuni," alisema Jamtsho.

"Inafanya nini huko? Inasali?"

Mwalimu alikuja nao mpaka nyumbani. Alimsalimu Bibi Leki kwa unyenyekevu, akanywa vikombe viwili vya chai ya siagi, akasifu taa. Kisha akaomba kitabu.

"Kwanza naosha mikono," alisema. Aliiosha kweli. Bibi Leki akaridhika, akakishusha mwenyewe.

"Bibi, yale mazoezi ya kupigia kura vyama vya rangi, kabla ya uchaguzi wa kweli mwakani, ulikwenda?"

"Nilikwenda. Nilichagua chama cha njano."

"Kwa nini njano?"

"Njano ni rangi ya Mfalme!"

Mwalimu alicheka hadi akashika kifua. "Karibu nchi nzima imefanya hivyo, Bibi. Lakini Mfalme hagombei. Hana chama. Vyama vinashindania serikali, na yeye yuko juu ya mashindano, ili atakayeshinda na atakayeshindwa wote wawe watoto wake."

"Basi Mfalme hana nguvu tena?" Jamtsho aliuliza. Sauti yake ilikuwa ya mtu aliyeibiwa.

"Anazo. Yeye ni mkuu wa nchi. Sheria inayotoka bungeni inangoja mkono wake, na akiona ina kasoro anaweza kuirudisha ikajadiliwe upya. Jeshi liko chini yake. Mtu asiye na ardhi, yatima, mzee asiye na wa kumtunza, bado wanaweza kumlilia, na anawasaidia. Hilo halijafutwa. Lakini kazi za kila siku, barabara, shule, dawa, mifereji, hizo ni za Waziri Mkuu na mawaziri wake. Wao ndio watendaji. Wanapewa fedha na Bunge, na Bunge linawauliza wamezitumiaje."

"Si angefanya yeye tu?" alisema Bibi Leki. "Ni mwema. Watu wengi mikono mingi, mwisho ni maneno mengi."

"Nikuulize, Bibi. Waziri akizembea, utasemaje?"

"Nitasema ni mvivu."

"Mfalme je, utamwambia ni mvivu?"

Bibi Leki aliziba mdomo kwa kiganja.

"Umeona? Huwezi. Kwa heshima yake huwezi. Sasa mtu anayeshika jembe ni lazima awe mtu unayeweza kumwuliza, 'Mbona hujalima?' Na baada ya miaka mitano, ukitaka, umnyang'anye jembe umpe mwingine. Leo tuna mfalme mwema. Kitukuu chake je? Nani amemwona? Nchi haiwezi kukaa ikiombea tu kwamba mtoto atakayezaliwa awe na hekima. Wafalme wetu wenyewe ndio walioliona hilo, wakayatoa mamlaka hayo bila mtu kuwalazimisha. Chimi, soma hapa."

Chimi alisoma polepole. "Mfalme... akifika miaka... sitini na mitano... atastaafu."

"Nini?" Bibi Leki alipaza sauti. "Mfalme anastaafu kama karani?"

"Imeandikwa, Mama."

"Soma tena! Wewe hukawii kukosea."

Chimi alisoma tena. Sitini na mitano ilibaki sitini na mitano. Bibi Leki alitikisa kichwa. Kisha akasema, "Mimi nina miaka sabini na miwili na bado nachota maji. Mngeniandika na mimi humo." Nyumba nzima ikaangua kicheko, na Jamtsho akacheka kwa mara ya kwanza tangu barua ifike.

Kisha akauliza lililomkera. "Kwa nini wilaya haijatujengea basi? Mwaka mzima umepita tangu mlima uporomoke."

"Mliwaambia?"

"Kila mtu anajua."

"Kila mtu wa Kharphug anajua. Je, kuna siku mlisimama barazani mkasema?"

Jamtsho alijikuna shingo. Hakuna aliyesimama. Kuomba mbele za watu kulionekana ni kukosa adabu, na kila mmoja alimngoja mwenzake.

Zilikuwa zimebaki siku tisa kabla ya baraza. Mwalimu alisema baraza halitaki machozi, linataka hesabu: mfereji umevunjika wapi, urefu gani, nyumba ngapi zinauhitaji, na wanakijiji watachangia kazi gani. Chimi alikusanya wanawake wanne wa darasani. Walifunga fundo kwenye kamba kila pima moja, yaani upana wa mikono iliyonyooshwa, wakapanda mlimani, wakapima sehemu iliyozolewa. Zilikuwa pima mia moja na sitini. Walipita nyumba kwa nyumba, wakahesabu nyumba thelathini na moja. Jamtsho alienda nao, akibeba kamba na kukubali kutaniwa njia nzima.

Siku ya baraza Chimi alijifunga kira yake nzuri, lile vazi refu la wanawake, akaweka begani rachu, mtandio wa heshima. Aliyeongoza kikao alikuwa Gup Thinley, mkuu wa kata aliyechaguliwa na watu. Alisoma orodha ya mambo yatakayoingia kwenye mpango. Kulikuwa na paa la hekalu, kulikuwa na njia ya kupitia punda. Mfereji haukuwamo.

"Kuna la kuongeza?" Gup aliuliza, tayari anafunika kalamu.

Chimi alitazama migongo ya wanaume mbele yake. Akasimama.

"Ninalo, Gup. Mfereji wa Kharphug."

Mzee mmoja wa kijiji cha pili aligeuka. "Mke wa Jamtsho ameanza kusoma juzi, leo anatufundisha!"

"Ni kweli nimeanza juzi, Baba," Chimi alijibu. "Na nimesoma ya kutosha kujua kwamba jambo lisiloandikwa hapa halitajengwa. Karatasi hii hapa. Pima mia moja na sitini. Nyumba thelathini na moja. Kila nyumba itatoa mtu mmoja kubeba mawe na mchanga. Tunaomba serikali saruji, mabomba na fundi."

Gup Thinley alinyoosha mkono, akaipokea karatasi.

"Mlipima wenyewe?"

"Wenyewe."

"Mimi nimepita pale mara kumi," Gup alisema taratibu. "Nilidhani mmehamia kwenye mahindi. Hakuna aliyeniambia." Akageukia wajumbe. "Wanaokubali uingie?"

Mikono ilipanda, hata wa yule mzee. Mfereji ukawa wa pili kwenye orodha, nyuma ya paa la hekalu.

Mwaka uliofuata ulifika uchaguzi wenyewe, wa kwanza wa vyama nchini. Mgombea mmoja alikuja Kharphug akahutubia kwa madaha. "Mnichague mimi, niwe mtumishi wa Mfalme wetu mpendwa!"

Watu walipiga makofi. Chimi akanyoosha mkono.

"Mfalme wetu sote tunampenda, mheshimiwa. Hilo halina mashindano. Sisi tuna mfereji kwenye mpango. Usipojengwa, tumwulize nani?"

Mgombea alijikohoza. Aliwatazama watu, nao walikuwa wakimngoja.

"Mniulize mimi," alisema.

"Basi tumesikia," Bibi Leki alidakia kutoka mstari wa mbele. "Nami nitakuuliza. Miguu ninayo."

Siku ya kura Jamtsho na Chimi walishuka pamoja kwa mwendo wa saa mbili. Kila mmoja alichagua alivyoona yeye. Jamtsho alijaribu kuchungulia siri ya mkewe, akaambulia ngumi ya begani.

Saruji ilikuja baada ya mavuno ya mahindi, na fundi wa wilaya nyuma yake. Nyumba thelathini na moja zilitoa watu thelathini na moja, majira yote ya baridi. Jamtsho alibeba mawe hadi viatu vikatoboka, wala hakusema jambo liko kwa mtu mwingine.

Mwezi wa sita, maji yakapita. Yalikuja yakisukuma majani makavu na povu, yakajaa shamba la kwanza, yakamwagikia la pili. Wanawake walikuwa tayari ndani ya tope, wameshika miche ya mpunga. Bibi Leki alichovya vidole, akajipaka usoni, akafumba macho kumwombea Mfalme maisha marefu.

"Mwombee, Mama," alisema Chimi. "Anastahili." Kisha akapandisha kira yake magotini, akatazama chini kabisa mwa mteremko. Mashamba matatu ya mwisho yalikuwa bado makavu.

"Jamtsho, kamba iko wapi? Maji hayafiki kule. Tupime leo. Jumatatu naenda kwa Gup."