Sekunde Nne za Mama

Kila alasiri, akishavua sare na kumeza chakula karibu bila kukitafuna, Konokono alikwenda chumba cha uani, kwa mama yake mdogo. Jina hilo alibandikwa na kaka yake, mtu asiyeishiwa maneno.

"Haya, Konokono, leo mmefika wapi?"

"Mama ameinua mguu."

"Mguu mzima? Kwa siku moja tu? Punguzeni mwendo, mtapata ajali!"

Hakukosea sana. Chumbani mle, juu ya meza, kulikuwa na chumba kidogo cha jiko chenye sufuria za ukubwa wa vifuniko vya chupa, dirisha la kadibodi na mwanasesere wa kimo cha penseli. Mama Mdogo alimsogeza mwanasesere kidogo tu, akapiga picha. Akamsogeza tena, akapiga tena. Picha kumi na mbili zilitoa sekunde moja ya filamu. Chafya moja ingekula kazi ya nusu saa.

Mwanasesere alivaa gauni la bluu, lililokatwa kwenye gauni la marehemu mama yao. Mama alipelekwa hospitali alfajiri moja, Konokono akiwa bado amelala, wala hakurudi. Katika filamu, mama angevuka jiko, afike mlangoni, ageuke na kupunga mkono. Sekunde nne za mwisho. Konokono alizingojea kuliko likizo.

Mama Mdogo hakuanza na kamera. Alipomaliza shule aliajiriwa katika studio ya filamu kushona nguo za wanasesere. Kwa miaka mitatu alishona vifungo vidogo kuliko punje za mtama, hata akawa anaviota. Baadaye akaruhusiwa kutengeneza wanasesere wenyewe, kisha kuwasogeza, mwishowe akawa mwongozaji, yule anayeamua kila mmoja asimame wapi na afanye nini.

"Bandu bandu huisha gogo," alipenda kusema. "Ila gogo langu lilikuwa la vifungo."

Sheria yake ilikuwa moja, ameibandika ukutani: UKIGUSA, SEMA.

Jumatatu Mama Mdogo alikwenda kwa daktari, akamwachia Konokono kazi ya kufagia chumba. Mara kaka mtu akapiga kelele uani, "Konokono! Mpira!" Konokono akageuka mbio, nyonga ikagonga mguu wa kamera. Kamera ikayumba, ikatulia nje ya alama yake sakafuni, upana wa ukucha tu. Konokono akafumba jicho moja kama fundi, akairudisha kwa kukisia. Nani ataona?

"Kuna kilichoguswa?" Mama Mdogo aliuliza aliporudi.

"Hakuna, mama mdogo."

Wakafanya kazi siku nne. Ijumaa wakakaa mbele ya kompyuta yao kuukuu. Mama akavuka jiko vizuri, akafika mlangoni. Alipotaka kugeuka, jiko zima likaruka.

"Jiko lina kwikwi!" kaka mtu akacheka. Akacheka peke yake.

Mama Mdogo aliitazama mikono yake. Ilikuwa ikitetemeka. "Ni mimi," akasema polepole. "Nimegonga kamera bila kujua. Mikono hii sasa haifai."

Konokono angeweza kunyamaza, na mambo yangeishia hapo.

"Siyo wewe. Ni mimi, Jumatatu. Nikakudanganya."

"Ungesema Jumatatu," Mama Mdogo akasema, "tungeirekebisha kwa dakika kumi. Sasa siku nne zimepotea, na daktari kaniambia mikono hii haitatulia tena."

Konokono akalia kwa kwikwi. Mama Mdogo akamvuta karibu.

"Nami nilificha, mwanangu. Mwaka jana kijiko kilianza kuniponyoka. Nikajiambia, nani ataona? Mficha maradhi, kifo humuumbua." Akajifuta macho. "Lete kiti. Wewe utasogeza, mimi nitaongoza."

Walianza upya. Iliwachukua wiki mbili. Vidole vya Konokono vilishika mkono wa gauni la mama yake, vikauinua kidogo, na kidogo tena. Siku moja akapiga ukelele, "Nimegusa!"

"Kiasi gani?"

"Unywele."

"Vizuri. Unywele tunauweza."

Filamu ilipokamilika, wote watatu walikaa mbele ya kompyuta. Mama akavuka jiko. Akageuka mlangoni, akapunga mkono. Mkono wa Konokono ukainuka wenyewe, ukampungia. Kisha mlango ukafungwa.

Kaka mtu alikuwa ameugeukia ukuta. Kwa mara ya kwanza maneno yalimwishia.

"Mama ameniaga," Konokono akanong'ona.

Mama Mdogo akaushika mkono ule kwa mikono yake miwili inayotetemeka.

"Kosa likisemwa siku ileile, ni picha moja tu," akasema. "Likifichwa, kila picha inayofuata hulibeba. Wewe umelisema mikono ya kurekebisha ikiwa bado ipo. Mimi nilichelewa kumwambia daktari. Usije ukachelewa, mwanangu."