Nusu ya Pili ya Filamu

Kwenye stesheni ya Gare du Nord watu walikuwa wakikimbilia treni zao, na Mujinga, binti wa Lubumbashi anayetunza wazee huko mtaa wa Etterbeek, alikuwa ameketi na kilemba chake cha maua ya njano. Kando yake kijana mwenye koti la kijani, kifungo kimoja kimeshonwa kwa uzi mwekundu, alikuwa anacheka peke yake mbele ya simu.

"Unacheka nini, tonton?"

"Tonton? Mjomba wa nani? Miye Mwamba! Ni filme ya Kerala, kule Inde. Kuja uone."

Mujinga akasogea. "Ya Bahindi? Sasa banaimba wapi?"

"Zamani baliimba sana. Siku hizi banaosha sahani, banagombana, mvua inanyesha."

"Alors ni kwetu!"

Wakapeana namba. Jumapili moja Mwamba akampeleka Auderghem, ambako wauguzi wa Kerala walikodi ukumbi wa sinema. Mle kwenye filamu, mwanamume alipanda basi akamwacha mpenzi wake kwenye mvua. Hapo taa zikawaka. Mujinga akapangusa machozi, akageuka: kiti cha Mwamba kitupu. Filamu imekwisha, naye ameenda bila hata kuaga! Akavaa koti, akatoka.

Mwamba alirudi na sambusa za moto na chai ya maziwa. Akangoja mpaka sambusa zikapoa mikononi. Hakupiga simu. Mujinga naye hakupiga. Ila kila mvua iliponyesha, mtoto wa watu alisimama dirishani kazini, akitafuta koti la kijani kati ya miavuli.

Lissy, muuguzi wa Kerala aliyefanya naye kazi, akamuuliza kulikoni.

"Filme yenu ya Auderghem mbaya. Yule mwanamume hakurudi."

"Nani amekwambia? Kumbe ulitoka taa zilipowaka? Yale yalikuwa mapumziko tu! Filamu zetu hukatwa katikati, watu wakanywe chai."

Mujinga akapiga simu palepale, glavu bado mkononi.

"Mwamba, siku ile ulienda wapi?"

"Kukununulia sambusa, chérie. Ukanikimbia."

"Nilizani imeisha."

"Na miye nilizani umenichoka. Nusu ya pili sikuiangalia."

"Donc hata weye hujui kama alirudi?"

"Sijui, mupenzi."

Mujinga akajifuta macho kwa kiwiko. "Bon. Tutaiangalia pamoja. Lakini usinyanyuke tena."

"Na njaa ikinikamata?"

"Sambusa nitabeba miye."