Watoto wa Ursule ni wa Nani?

Ursule alianua nguo za watoto kabla hazijakauka. Alizikunja mbichi, akazifunga ndani ya kitenge. Binti yake, Exaucée, alimwangalia.

"Mama, tunaenda wapi?"

"Banalia, kwa shangazi yangu. Nyamaza. Ita mudogo yako Henri."

Mume wake Émile aliuawa na bomu mwezi wa sita, majeshi mawili ya kigeni yalipopigana ndani ya Kisangani. Émile alitoka Bas-Congo, kule mto unakokaribia bahari. Ursule ni binti wa wavuvi wa maporomoko. Kwa wavuvi hao, mtoto ni wa ukoo wa baba. Ndiyo maana kaka yake Bavon alimwambia bila kuzunguka:

"Samaki ni ya mwenye mutego. Watu wa Émile watakuja kuchukua watoto. Wewe utarudi nyumbani kwetu."

Na asubuhi hiyo habari ilifika. Mzee Wenceslas, mjomba wa Émile, amevuka mto kutoka Lubunga. Anakuja. Tangu hapo Ursule hakumeza hata tonge moja.

Jirani yake, mama Clothilde, alimkuta mlangoni na kifurushi. Clothilde alikuwa akisaidia wajane parokiani.

"Unakimbia vita gani tena?"

"Vita ya mjomba."

"Ursule! Njia ya Banalia imejaa askari. Utapeleka watoto kwenye bunduki, sababu ya muzee mumoja na fimbo yake? Ikala. Leo nitakaa na wewe."

Ursule akaketi, kifurushi mapajani.

Mzee Wenceslas alifika akitoka jasho, amebeba dumu la pombe ya mchikichi. Bavon alikuwa nyuma yake. Mzee hakuwatazama watoto. Alimgeukia Bavon, akainama, akaweka dumu miguuni pake.

"Shemeji, nakusalimia. Wewe ndiye mwenye watoto."

"Mimi?" Bavon aliruka nyuma. "Papa, watoto ni ya kwenu!"

"Ya kwetu? Kwetu mutoto anafuata ukoo wa mama. Hatumuhesabu kwa mutego kama ninyi wavuvi, tunamuhesabu kwa muto aliotoka. Mwenye neno ni mjomba, kaka ya mama. Nikichukua hawa, wazee wa kwetu wataniita mwizi!"

Bavon akacheka. "Alors, kwenu wanawake ndio wanatawala? Wanaume wanatwanga majani ya pondu?"

"Aa, watu wanapenda kuota hivyo! Ukoo unapita kwa mama, lakini anayesema ni mjomba. Mwanaume vilevile."

"Bon, mimi nakataa. Niko na wangu saba!"

"Huwezi kukataa, shemeji. Ni wako."

"Ni wenu!"

Ursule aliwatazama, huyu na yule. Kisha akasimama.

"Hakuna mutu ananiuliza mimi?"

Wote wawili wakamgeukia. Clothilde akasema polepole:

"Desturi ya huku inasema hivi, desturi ya kule inasema vile. Lakini sheria ya familia ya inchi yetu iko moja. Baba akifa, mama hanyang'anywi watoto. Anabaki na mamlaka juu yao. Ndugu ya baba anaweza kusimama karibu naye, kushauri na kusaidia. Si kuwabeba. Mukishindwa kusikilizana, muende tribinali. Musitumie nguvu."

Mzee Wenceslas alishusha pumzi ndefu. "Kusimama karibu, hiyo naweza. Nilivuka muto na woga, mama. Kazi yangu ya reli imesimama. Ningewalisha nini?"

"Mimi nitaleta samaki," Bavon akasema chinichini.

"Lini?" Clothilde akauliza.

"Kila siku mutego ukishika."

"Exaucée amesikia. Huyu hasahau."

Bavon mwenyewe akacheka.

Ursule alifungua kifurushi. Nguo zilikuwa zimeanza kunuka unyevu. Alizianika tena: kaptula ya Henri, blauzi ya Exaucée. Chini kabisa kulikuwa na shati la Émile. Hilo pia alilianika, katikati ya nguo za watoto.

"Exaucée, ponda ndizi za lituma," alisema. "Ponda mingi. Leo tuko wengi."

Sahani ilipokuja, wanaume walingoja. Ursule akanawa mikono, akamega tonge la kwanza, akalimeza.