Kitufe cha Kivukoni

Treni ya bonde lile ilikuwa ya behewa moja tu. Ilipita nyuma ya nyumba ya Kinue, kati ya ua wake na shamba la figili. Kila asubuhi ilipopita, vikombe vililia kabatini. Mumewe, Sadao, aliinua macho kutoka kwenye bakuli la wali, akatazama saa ya ukutani.

"Haijakosea," alisema.

Alisema hivyo kila siku, kwa fahari, utadhani ameiendesha yeye.

Sadao aliipenda treni ile, na si yeye peke yake. Watu wa bondeni walikuwa wamebaki wachache. Vijana walihamia mijini, hata binti yao Akari alikuwa Osaka. Kampuni ya reli ilisema kila mwaka kwamba abiria hawatoshi. Wanakijiji waliogopa njia itafungwa, na njia ikifungwa, nani angewafikisha wazee hospitali? Basi wakaunda chama cha kuilinda. Jumapili walifagia stesheni, ambayo haikuwa na mfanyakazi hata mmoja. Walipanda maua kando ya jukwaa. Sadao alikuwa mwenyekiti.

"Tusiipe kampuni sababu," aliwaambia wenzake. "Tusiichafue, tusiiharibu, tusiicheleweshe."

Mama yake, bibi Hatsu, aliishi nao. Alikuwa kikongwe mwenye ulimi mkali, lakini kwa maneno hayo alitikisa kichwa akakubali.

Asubuhi moja ya vuli, bonde lilikuwa limejaa ukungu. Sadao na Kinue walipakia figili kwenye pikapu yao ndogo, kuzipeleka kwenye duka la ushirika. Njia ya kutoka kwao ilikata reli kwenye kivuko chembamba. Kilikuwa na kengele, na ufito wa kizuizi wenye rangi ya njano na nyeusi kila upande. Karibu na ufito palikuwa na nguzo, na kwenye nguzo kisanduku chenye kitufe chekundu.

Pikapu ilikuwa kuukuu. Ilifika katikati ya reli, ikakohoa, ikazima.

"Umeipakia kama meli," Kinue alicheka. "Imechoka, maskini."

"Haijachoka. Inanitania tu," Sadao akajibu, akazungusha ufunguo.

Kengele ikaanza kulia. Fito mbili zikashuka, moja mbele, moja nyuma. Hapohapo injini ikawaka.

Angalia hapa, msomaji. Injini ilikuwa inanguruma. Mbele yake palikuwa na ufito tu. Sadao angekanyaga mafuta, angepita. Lakini hakupita. Ufito ule ulikuwa mali ya kampuni, na kampuni ilikuwa mgonjwa. Yeye mwenyekiti, auvunje?

"Nitaipinda kidogo," alisema. "Kuna nafasi kati ya reli na ufito. Tutakaa pembeni, ipite."

Akarudi nyuma, akakata usukani. Gurudumu la nyuma likatoka kwenye mbao za kivuko, likadumbukia kwenye kokoto. Pikapu ikalala upande. Haikwenda mbele, haikurudi nyuma.

"Shuka, Mama Akari! Shuka upesi!"

Kinue alishuka, akapita chini ya ufito. Bega lake liligusa nguzo. Kitufe kilikuwa mbele ya uso wake.

"Baba Akari, nibonyeze?"

"Usiguse!" Sadao alikuwa ameshuka naye, anasukuma pikapu kutoka nyuma. "Watoto wa shule wamo humo. Leo wana mtihani. Ngoja, inatoka sasa hivi."

"Njoo basi! Iache!"

"Inatoka! Inatoka!"

Kinue aliinua mkono. Akaona watoto wanachelewa. Akaona majirani wanasema: nyumba ya mwenyekiti ndiyo iliyosimamisha treni. Akauteremsha mkono.

Treni ikatokea kwenye kona. Kinue akafumba macho.

Sadao alizikwa kabla theluji haijaanza. Kaburi lake lilikuwa ng'ambo ya reli, kilimani, pamoja na babu zake.

Baada ya maziko, bibi Hatsu alimwagiza Kinue kununua keki za maharage, zilizofungwa vizuri kwenye visanduku. Wakaenda nyumba kwa nyumba, kwa kila mtu aliyekuwa ndani ya treni siku ile. Kila mlangoni waliinama mpaka viuno vikauma.

"Tunaomba radhi. Mtu wetu aliwachelewesha."

Watu walipokea keki. Wengine walilia. Wengine waliinama nao. Hakuna aliyesema, "Rudini nyumbani mkamlilie maiti wenu." Kinue alitembea kama mtu aliyelala. Nyumbani alipika, chakula kikaharibika. Theluji ilifunika figili shambani, naye hakwenda kuzing'oa. Asubuhi vikombe vilipolia kabatini, aliviondoa kimoja kimoja, akavifunga kwenye magazeti.

Ilibaki nyumba moja hawajaenda, nyumba ya dereva. Dereva alikuwa msichana wa kijiji hichohicho, Chinami, binti wa fundi mbao. Kabla hawajaenda kwake, alikuja mwenyewe. Alikuja na udi. Alipiga magoti mbele ya picha ya Sadao, akawasha udi.

Kinue akamsogezea kisanduku cha keki. "Chinami, mwanangu, tunaomba radhi. Tulikusumbua."

Chinami hakukipokea.

"Shangazi, naomba usiniambie hivyo. Nikila keki hii nitatapika." Kisha akasema, "Unajua mjomba Sadao alifanya nini mwishoni?"

"Nilifumba macho."

"Mimi sikufumba. Nilifunga breki yote, nikapiga honi. Aliacha kusukuma. Akageuka, akaniona. Akainama. Alikuwa ananiomba radhi, shangazi. Alikuwa na nafasi ya kukimbia, akaitumia kuniinamia."

Mlango wa karatasi ukasogea. Bibi Hatsu alikuwa nyuma yake, anasikiliza.

"Mwanangu alikuwa na adabu," alisema kikongwe, kidevu juu.

"Ndiyo, bibi. Alikuwa na adabu. Laiti asingekuwa nayo siku ile."

"Unasemaje wewe?"

"Nasema hivyohivyo, bibi. Nifukuze ukitaka."

Bibi Hatsu hakumfukuza. Aliketi.

"Kwa nini hamkubonyeza kitufe?" Chinami akauliza.

"Tungechelewesha watu," Kinue akajibu. "Watoto walikuwa na mtihani. Na kampuni ingekasirika."

"Nani aliwaambia itakasirika?"

Kinue akafikiri. Hakuna aliyemwambia. Hakuna aliyemfundisha jambo hilo hata siku moja. Alilijua tu, kama anavyojua kuvua viatu mlangoni.

"Sikiliza, shangazi," alisema Chinami. "Mimi nikiwa nyuma ya kona sikioni kivuko. Nikikiona, breki haitoshi tena. Treni si baiskeli. Lakini ukibonyeza kitufe, kuna taa zinawaka nyekundu kabla ya kona. Nikiziona tu, nafunga breki. Nasimama huko mbali, hakuna anayeumia. Watoto wanachelewa, ndiyo. Mwalimu anaambiwa treni ilisimama. Wanafanya mtihani mchana."

"Na ufito?" Kinue aliuliza kwa sauti ndogo. "Injini ilikuwa inawaka."

Chinami akainamisha kichwa. Ilionekana alitamani swali hilo lisiulizwe.

"Ufito umetengenezwa usukumwe, shangazi. Ukienda mbele na gari, unapinda, unakupisha. Ukivunjika, tunaleta mwingine. Tunazo ghalani."

"Ziko ghalani," Kinue alirudia. "Ziko ghalani tu."

Hakulia mbele ya mgeni. Alitoka nje kwenye theluji bila viatu, na Chinami akamfuata na kumrudisha ndani kwa mkono.

Majira ya baridi yalipoanza kulegea, Chinami aliiomba kampuni imruhusu kuwafundisha wanakijiji. Walikusanyika stesheni, kwenye chumba cha kungojea, karibu na jiko la mafuta. Alikuja na ubao wenye kitufe kama kile cha kivukoni. Ukikibonyeza sawasawa, taa iliwaka.

"Gari likikwama kivukoni, watu kwanza," alisema. "Kama linaweza kwenda, nenda mbele, sukuma ufito, toka. Kama haliendi, liache. Toka nje ya reli, bonyeza kitufe. Usirudi kuchukua mzigo. Usirudi kusukuma. Ni hayo tu. Haya, mmoja mmoja."

Mzee wa kwanza akasogea. Akavua kofia. "Samahani," akauambia ubao, ndipo akabonyeza.

Wa pili naye, "Samahani."

"Msiuombe radhi!" Chinami alisema. "Huu ni ubao tu!"

"Sasa tubonyeze tu, kama wezi?" mzee mmoja akauliza, watu wakacheka kwa mara ya kwanza tangu vuli.

Zamu ya bibi Hatsu ilipofika, aligusa kitufe kwa ncha ya kidole. Taa haikuwaka.

"Kwa nguvu, bibi."

"Nimeshabonyeza. Kama hakitaki, hakitaki." Akarudi kukaa.

Kinue alibonyeza. Taa ikawaka. Akabonyeza tena, na tena, mpaka Chinami akamshika kiganja taratibu na kumwambia, "Inatosha, shangazi."

Mwezi wa tatu, siku za kuzuru makaburi zikafika. Theluji ilikuwa imeyeyuka njiani, lakini matope yalikuwa mengi. Bibi Hatsu alitangulia na kigari chake cha kusukuma, kile wazee wanachokiegemea wakitembea. Juu yake aliweka maua, udi na chupa ya maji ya kuoshea kaburi. Kinue alibaki nyuma kufunga mlango.

Alipofika njiani, alimwona mkwewe katikati ya kivuko. Gurudumu dogo la kigari lilikuwa limeingia kwenye mfereji ulio kando ya chuma cha reli. Kikongwe alikuwa anavuta.

"Mama, kiache! Njoo!"

"Maua ya Sadao yamo humu. Nisaidie kuvuta, usipige kelele."

Kengele ikaanza kulia. Fito zikashuka.

Kinue alikimbia. Alifika kwenye nguzo. Miguu yake ilitaka kwenda reli kumvuta mkwewe, lakini akakumbuka aliyofundishwa. Kwanza kitufe.

"Usibonyeze!" bibi Hatsu alipiga kelele. "Kinue! Utatuaibisha mara ya pili! Kinatoka sasa hivi!"

Maneno yaleyale, sauti ileile ya familia ile. Kinue akahisi mkono umekufa ganzi kuanzia begani.

"Samahani," mdomo wake ukasema. Mkono ulikuwa umeshabonyeza.

Ndipo akapita chini ya ufito, akamshika mkwewe kiunoni, akambeba kama gunia, huku kikongwe akimpiga mgongoni kwa ngumi. Wakaanguka wote wawili kwenye matope, nje ya reli. Kengele iliendelea kulia. Wakangoja.

Treni haikutokea kwenye kona.

Baadaye kidogo dereva alikuja kwa miguu kando ya reli. Hakuwa Chinami, alikuwa mwanamume ambaye Kinue hakumjua. Treni yake ilikuwa imesimama nyuma ya kona, mbali, kimya. Kinue akaanza kuinama.

"Mama, inuka," dereva akasema. "Kuna aliyeumia?"

"Hapana."

"Basi nashukuru umebonyeza." Akaking'oa kigari kwenye reli, akakipangusa matope, akampa bibi Hatsu. Akazungumza kwenye redio yake. Akarudi kwenye treni. Haikupita muda, ikatambaa polepole mbele yao. Dirishani mama mmoja aliyepakata mtoto aliwapungia mkono. Mwanamume mmoja alitazama saa yake, akakunja uso, akaendelea kusoma gazeti. Yaliishia hapo tu.

Kaburini bibi Hatsu aliosha jiwe, akapanga maua yaliyovunjika shina. Nyumbani hakula. Jioni alikaa mbele ya picha ya mwanawe, mikono mapajani, na Kinue akakaa nyuma yake.

"Kwa hiyo inasimama," alisema kikongwe.

"Inasimama, mama."

"Na hawakutukana."

"Hawakutukana."

"Kukibonyeza ni kazi ngumu?"

Kinue alitaka kusema ndiyo. Angalau mtu mmoja ndani ya nyumba ile apate kulala usiku huo. Lakini hakuweza.

"Si kazi, mama. Kitufe ni laini."

Bibi Hatsu aliinama taratibu mpaka paji la uso likagusa mkeka, akabaki hivyo. Kinue alimwekea mkono mgongoni. Mgongo ulikuwa mdogo kama wa ndege. Hakuna aliyewasha taa.

Tangu hapo hakuna mtu aliyekufa katika kivuko kile. Mwaka uliofuata pikapu ya muuza mafuta ilizima palepale. Akasukuma ufito, ukapinda, akatoka. Mara nyingine mtu alibonyeza kitufe kwa ajili ya mzee aliyejikwaa. Treni ilisimama, kisha ikaendelea na safari. Njia bado haijafungwa, ingawa abiria ni walewale wachache.

Na bibi Hatsu, akimwona mgeni yeyote kivukoni, awe mtalii au mleta barua, humshika mkono na kumpeleka mpaka kwenye nguzo. Humwonyesha kitufe. Humlazimisha kuweka kidole juu yake, bila kukibonyeza, ili mkono ukizoee.

"Treni inangoja," humwambia. "Mimi mwanangu nilimfundisha kwamba haingoji."