Ilungu Linavuta Pumzi

Nilitumwa kuchukua simu. Basi. Sikutumwa kwa mganga, sikutumwa makaburini. Simu tu, jua likizama nyuma ya nyumba za Kizwite na upepo wetu huu wa Ufipa ukikata masikio.

Umeme ulikuwa umekatika tangu asubuhi. Mjukuu wangu Cornelia alikuwa kwenye cherehani, anamalizia sare za kwaya.

"Mke mwenzangu," akaniita, maana hivyo ndivyo tunavyotaniana, "kanichukulie simu kwa Valerian. Niliiacha ichajiwe kwa sola."

"Tangu lini mke mdogo anamtuma mke mkubwa?"

"Mke mkubwa ameshakula ujana wake. Sasa atembee, chakula kishuke."

Nikajifunga kitenge, nikaenda huku nacheka.

Valerian ana kibanda cha kuchajia simu pale njia panda. Siku zote ukienda kwake atakuchelewesha kwa maneno. Jioni ile nilimkuta nje, mikono kwapani, kama mtu aliyefukuzwa nyumbani kwake.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba. Mbona uko nje na baridi hii?"

"Ingia uichukue mwenyewe." Akashusha sauti. "Nimeifunika na ndoo."

"Simu, baba, umeifunika na ndoo?"

"Inacheza, Bibi. Hakuna aliyeigusa, inacheza. Nimeizima, ikawaka. Nimechomoa waya, ikaendelea. Inachimba... inachimba tu."

Nikadhani ni utani wake. Nikaingia, nikainua ndoo.

Harufu ndiyo iliyonipiga kwanza. Haikuwa ya waya ulioungua. Ilikuwa harufu ya mkaa na udongo mwekundu uliochomwa. Mara ya mwisho niliisikia nikiwa mtoto, kule Mollo, nimeshika nguo ya mama yangu, wazee walipowasha ilungu lao la mwisho.

Kwenye kioo, mikono miwili ilikuwa inapiga jiwe gizani.

Ko. Ko. Ko.

"Atakuwa ameliacha wazi hilo gemu lake," nikasema. Nilikuwa najifariji.

"Usinilipe," Valerian akasema. "Ila kesho usiilete hapa."

Sasa hilo gemu lazima niwaeleze, maana na mimi lilikuwa limeniingia. Unashushwa porini huna kitu, hata sufuria. Unakata mti, unaokota mawe, unajenga kibanda, unalima, unapika. Ukizembea unakufa kwa njaa au kwa baridi, unaanza upya. Mimi sikusoma, lakini lile ni la picha: shoka, kuni, jiwe. Kuokota kuni nani anifundishe? Cornelia akishona, mimi ndiye niliyekuwa namwokotea. Akirudi anakuta ghala limejaa, ananiambia, "Bibi, wewe ungezaliwa humu humu."

Kitu kimoja tu kilitushinda. Chuma. Tulizunguka milima yote, tukachimba mashimo mpaka chini kabisa, tunatoka na mawe matupu. Na baridi kali ya humo ndani ilikuwa inakaribia. Bila chuma huna sururu ya kuchimbia makaa ya mawe, na bila makaa utakutwa umeganda. Siku moja nikamuuliza kama hakuna jirani tukaombe.

"Hakuna jirani, Bibi. Dunia hii ni yangu peke yangu. Hakuna mtu anayeweza kuingia."

Yashikeni hayo maneno yake.

Nilipofika nyumbani alikuwa amewasha koroboi. Akapokea simu, akaifungua, akapiga kelele mpaka kuku wakashtuka.

"Bibi! Umekipata wapi?"

"Nini?"

"Chuma! Tazama, sanduku limejaa!"

Nikatazama. Vipande vyeusi vyenye wekundu kwa ndani, vimepangwa safu kwa safu. Vimepangwa vizuri mno. Kama mtu anavyopanga zawadi.

"Usikiguse," nikasema.

"Kwa nini?"

"Ni cha nani?"

"Ni gemu, Bibi. Humu hakuna cha mtu."

Hapo nikamsikia mama yangu, Mungu amrehemu, kama ameketi pale jikoni. Mama aliwabebea wazee wa ilungu chakula, na alijua masharti yao. Ilungu ni tanuri la udongo wa kichuguu, refu kuliko mtu, la kuyeyushia mawe ya chuma. Halipulizwi na mtu. Limetobolewa matundu pande zote chini, linavuta upepo lenyewe, na ukisimama karibu unalisikia linapumua. Mama alikuwa akituambia, "Kuna aliyechoma mkaa, kuna aliyebeba mawe, kuna aliyepanda ngazi kulilisha. Ukichukua chuma chao na hukufanya kazi, watakuita uje uifanye."

Nikamwambia Cornelia. Akanikumbatia kwa mkono mmoja.

"Wakiniita nitawaambia nina sare za kwaya."

Akachukua vyote. Akaviyeyusha, akatengeneza sururu. Kidole kimoja tu, mara moja.

Simu ikanyamaza.

Halafu...

*Fuuuuuuu.*

Cornelia akageuka mlangoni. "Ni upepo?"

Haukuwa upepo. Ilikuwa inatoka kwenye kile kioo. Kitu kilikuwa kinavuta pumzi ndefu, bila kuitoa.

*Fuuuuuuu.*

Kule ndani ya gemu, nyuma ya mlima tulioupanda mara nyingi, moshi ulikuwa unapanda. Cornelia akaufuata. Nikamwambia acha, akasema, "Naangalia tu." Akapita mlima. Na mimi nikaliona.

Ilungu.

Gemu lile lina jiko dogo la mraba, kama boksi. Hili lilikuwa refu, la udongo mwekundu, limeegemezwa kwenye kichuguu, lina ngazi ya magogo ubavuni. Lilikuwa kama yale yanayobomoka peke yake porini kule kwetu. Hakuna mtu wa mbali anayeweza kulichora vile. Hata shanga za chokaa walizolizungushia kiunoni, kama bibi harusi, zilikuwapo.

Na kulikuwa na watu.

Wamepanga mstari, wamebeba vikapu vya mkaa. Wanapanda, wanamwaga, wanashuka. Hakuna anayepumzika. Wote wametupa mgongo.

Mmoja alibeba kikapu begani kushoto, mkono wa kulia umepita juu ya kichwa kukishika.

Katika dunia hii nimemjua mtu mmoja tu anayebeba mzigo namna ile. Nilimkemea tangu utoto wake, hakuacha.

Ni mwanangu Teodori. Baba yake Cornelia.

Radi ilimpiga shambani kwetu Mollo, wakati wa kiangazi, mbingu nyeupe hazina hata wingu. Tulimzika. Udongo nilitupia kwa mkono wangu huu. Msibani watu walinong'ona kwamba tumezika gogo la mgomba, kwamba mwenyewe yuko mahali anafanyishwa kazi na mtu. Msukule, walisema. Niliwafukuza kwa matusi.

"Bibi..." Cornelia alikuwa ananong'ona. "Yule ni..."

"Zima."

"Ni Baba."

"Zima, mwanangu, nakuomba!"

Yule mtu akasimama. Akatua kikapu. Akageuka polepole. Sura ilikuwa ya mraba kama watu wote wa gemu lile, haina pua wala mdomo. Lakini macho... macho yalikuwa yanatoa machozi, na machozi yalikuwa meusi.

Sauti ikatoka, ndogo, kavu.

"Cornelia. Zamu yako."

Mwanangu hakuwa anamwonya mtoto wake. Alikuwa anamwita.

Vidole vya Cornelia vikaanza kutembea juu ya kioo, haraka, haraka, kuliko nilivyowahi kuona. Nikamwita, hakuitika. Nikampiga kofi, hakupepesa. Nikaipokonya simu, nikaitupa kitandani.

Mikono yake ikaendelea.

Hewani, jamani. Inainama, inabeba, inapandisha, inamwaga. Inainama, inabeba. Kucha zikaanza kuwa nyeusi kwa ndani. Viganja vikavimba malengelenge, moja, jingine, nikiyatazama kwa macho yangu.

"Nimechoka, Bibi," akasema, kwa sauti ya mtoto mdogo. Mikono haikusimama.

Nilichukua maji ya baraka, nikamnyunyizia mikononi. Yakalia *tsss*, kama yamemwagwa juu ya bati la moto. Nikaanza kusali, ulimi ukawa mzito, Salamu Maria ikanipotea katikati. Na kule kitandani, ile simu inazidi kuvuta pumzi.

*Fuuuuuuu.*

Nikaokota simu. Nikasema, basi, nitarudisha. Nikafungua lile sanduku na kutafuta hicho chuma niwapangie tena kama walivyopanga wao. Hakikuwapo. Kilikuwa kimeshayeyuka, kimeshakuwa sururu. Nikaweka sururu sandukuni. Ikatoka. Nikaweka tena. Ikatoka, ikarudi mikononi mwa Cornelia kule ndani, naye alikuwa amesimama kwenye mstari, nyuma ya baba yake.

Amesimama na gauni lake. Gauni la kijani alilovaa jioni ile ile.

Nikajua nikimwacha mpaka kikapu cha kwanza kifike juu, huyu aliye mbele yangu atabaki ganda tu. Tutamzika na watu watanong'ona, na safari hii nitakosa nguvu ya kuwatukana.

Mama yangu alisema kitu kingine. Alisema dada yake alipougua siku ya zamu, yeye alikwenda mahali pake, na wazee hawakuuliza. Walitaka mikono tu.

Nikakishika kioo karibu na mdomo, kama mtu anayeongea na kiziwi.

"Mwenye ilungu," nikasema. "Mwache huyo. Nipo mimi. Mimi ndiye niliyemzaa Teodori. Nitabeba."

Mstari ukasimama.

Wote wakageuka.

"Mama," Teodori akasema, na kwa mara ya kwanza ikawa sauti yake kabisa, ile ya kunidharau kwa upendo alipokuwa kijana, "wewe ni mzee. Utaweza nini?"

"Nilikubeba wewe," nikamjibu. "Mkaa utanishinda?"

Mtu akacheka nyuma ya ilungu. Alikuwa mzima, mnene, amevaa koti. Kisogo chake tu ndicho nilichokiona. Akakohoa. Kikohozi kirefu kinachoishia na mluzi.

"Mikono ni mikono," akasema.

Kioo kikazimika. Cornelia akaanguka kando ya cherehani, akavuta hewa kama mtu aliyetolewa mtoni, akaanza kulia. Nikamfunga viganja kwa vitambaa vya sare za kwaya. Hatukula. Asubuhi nikaiponda ile simu kwa mchi, vipande nikavitupa chooni.

Cornelia nikampeleka Milepa, bondeni, kwa shangazi yake Bertila. Nikamkataza kabisa kushika simu, hata ya kupiga. Watu wa hapa nikawaambia amekwenda Mbeya kujifunza ushonaji wa suti. Hata kwa padre nilisema Mbeya.

Mnadhani kuponda simu kulinisaidia?

Kila giza linapoingia, mikono yangu inaanza. Inanikuta natwanga, inanikuta nasonga ugali. Nainama. Nabeba. Napandisha. Majirani wanasema Bibi Gaudiosa ameanza kuzeeka vibaya, anacheza na hewa. Sioni tena nyumba yangu wakati ule. Naona mgongo wa mwanangu mbele yangu, na ngazi ya magogo, na mdomo wa ilungu juu kule, mwekundu. Ikiisha zamu najikuta sakafuni, ugali umeungua, na kucha zangu... zitazameni. Nazisugua kwa mchanga, hazitakati.

Mwenye ilungu hajawahi kunigeukia. Lakini Jumapili iliyopita kanisani, tumepiga magoti, kimya, nikakisikia nyuma yangu. Kikohozi kirefu kinachoishia na mluzi.

Sikugeuka. Tulipopeana amani nilinyoosha mkono nyuma bila kutazama, na mkono ulioushika wangu ulikuwa wa moto.

Ningevumilia hata hayo. Mimi nimeshaishi. Na niseme ukweli wa mama, kuna jioni nyingine nafurahi, maana namwona mwanangu, hata kama hanitazami. Siku nyingi hasemi. Akisema, ni neno moja tu.

"Cornelia yuko wapi?"

"Mbeya," namjibu.

Anabeba, anapanda, anamwaga, anashuka.

"Cornelia yuko wapi?"

"Mbeya, mwanangu."

Jana hakuuliza. Jana alitua kikapu chake, akaniinamia sikioni, nikasikia joto la ule mkaa linatoka usoni mwake badala ya pumzi.

"Mama," akasema taratibu, "Milepa kuna upepo mzuri. Tajiri mwenye ilungu anasema tukajenge lingine huko."

Leo tangu alfajiri nimekaa stendi na kifurushi changu nikisubiri gari la kwenda huko bondeni. La kwanza limeharibika. La pili limejaa. Bertila nimempigia kwa simu ya watu, anapokea Cornelia mwenyewe. Cornelia, niliyemkataza kushika simu.

"Bibi," ananiambia, sauti imejaa furaha kama amesahau yote, "njoo uone. Shangazi alikuwa anachimba shimo la taka nyuma ya nyumba. Tumekuta chuma."

"Mmekigusa?"

"Kimepangwa vizuri, Bibi. Safu kwa safu."

"Cornelia! Mmekigusa?"

Nasikia upepo tu kwenye simu, unavuta.

Na hapa stendi wameanza kuwasha taa, na mikono yangu, nimeikalia, nimeikalia kwa uzito wangu wote.